Aliyekaa Mlangoni

Garsen, 9 Februari 2025

Kwa mjukuu wangu Ubah, mtoto wa binti yangu Darmi,

Assalaam aleikum. Ni mimi akko yako Qabale ninayesema, na anayeandika ni Mbodze, yule mama wa Kigiriama mwenye kibanda cha fotokopi karibu na stendi. Nimemwapisha aandike kama nisemavyo, asinipambie maneno. Simu sikupigii tena. Kwenye simu unasema, "Akko, mtandao mbaya," halafu kimya. Karatasi haina mtandao. Hii inakuja na basi pamoja na chupa ya samli, na samli usiwape marafiki zako.

Sisi tuzima. Mjomba wako Duba ameshusha ng'ombe kuelekea Ozi kwa sababu huku nyasi zimekwisha. Goti lake bado linamsumbua, lakini ukimwambia apumzike anakuuliza kama ng'ombe nao wamepumzika. Yule ng'ombe wako, wa kizazi cha mtamba uliyepewa siku ulipokatwa kitovu, amezaa jike, jekundu, lina doa jeupe kwenye paji. Ukame ulipokuwa mbaya Duba alimtazama huyo ng'ombe wako kwa jicho la kuuza. Nikamwambia wa kitovu cha mtoto hauzwi, uza viatu vyako.

Baba yako Abdikarim, figo zake zinaendeleaje? Nimesikia analala kwako siku hizi. Mwambie Qabale anamsalimu, na ale.

Sasa neno lenyewe. Nimeiona kazi yako. Kila Alhamisi jioni wanawake tunajaa kwenye hoteli ya Khalid kutazama hiyo hospitali yenu, *Zamu ya Alfajiri*, na Khalid analalamika kwamba tunakunywa chai moja tunakalia viti vyote. Mwishoni majina yanapopita Mbodze anaruka: "Mwandishi, Ubah Abdikarim!" Basi vigelegele mpaka bodaboda wanasimama nje kuuliza nani kaolewa.

Na yule bibi anayeingia wodini kila asubuhi na kibuyu cha maziwa, Bibi Talaso, anayepasha viganja joto kwapani kabla hajagusa tumbo la mjamzito, anayemwita daktari mkuu "wewe kijana wa koti". Huyo ni nani, Ubah? Garsen nzima inajua ni nani. Hata watoto wananifuata njiani, "Bibi Talaso, Bibi Talaso, tupashe na sisi!" Nawatupia kiatu, lakini kiatu chenyewe natupa polepole.

Mwambie mwigizaji wenu kibuyu hakishikwi shingoni, si kuku huyo. Na leso haifungwi vile, ile ni ya mtu anayekwenda kuoga mtoni. Na Daktari Zuena mwachishe yule mwanamume wa gari nyeusi! Amemrudia mara ya pili. Mbodze anasema hadithi ndivyo inavyotaka. Mimi nasema ni wewe unayemrudisha, na ukome.

Lakini huyo Zuena nampenda. Alianza mwenye kiburi, akisalimiwa na Talaso anakwenda kunawa. Sasa anakaa kitandani kwa mgonjwa, anauliza amelala vipi. Amebadilika taratibu, kama maziwa yanavyoganda kibuyuni, huoni ni lini. Hapo nimekuona mwanangu una akili.

Kula. Lala. Mungu akuweke mahali palipo na kivuli na maji.

Akko yako,
Qabale

Nairobi, 2 Machi 2025

Akko wangu mpenzi,

Waaleikum salaam. Samli imefika, na sijampa mtu, naapa. Nimeificha nyuma ya unga kama mwizi.

Baba anakusalimu. Anasafishwa damu mara mbili kwa wiki, akirudi hapo analala tu, lakini siku zinazobaki anagombana na redio kama kawaida. Nilimsomea barua yako. Nilipofika kwenye "mwambie ale" aligeukia ukutani. Nadhani alikuwa amechoka. Kazi yangu haitazami. Anasema hospitali anaiona ya kutosha.

Nimecheka kuhusu kiatu. Ndiyo, Akko, Bibi Talaso amezaliwa kwako. Viganja ni vyako, ulimi ni wako. Nilipoingia kwenye kazi hii waliniambia leta mtu ambaye hatujawahi kumwona kwenye tivi, nikakuleta. Watu wanampenda kuliko madaktari wote. Tunapokea ujumbe hata kutoka Kigoma.

Kuhusu Daktari Zuena na mwanamume wake, vumilia. Nakuahidi ataachana naye.

Kuna jambo ningependa ujue mapema. Msimu huu mpya Bibi Talaso atabadilika. Mkubwa wangu wa kazi anasema mtu mwema asiye na doa huchosha watazamaji, lazima tumchimbe, tuone alikotoka na anachoficha. Ni kazi tu, Akko. Mhusika hukua kama mtu, na kukua kuna maumivu. Labda Alhamisi za Aprili usiende kwa Khalid. Pumzika nyumbani. Nitakusimulia mwenyewe nikija.

Mbusu yule ndama kwenye lile doa. Msalimie Mjomba Duba na goti lake.

Wako,
Ubah

Garsen, 20 Aprili 2025

Ubah,

Salamu. Mvua imenyesha, ng'ombe wamerudi, ndama wako ananyonya vizuri. Mbuzi wawili wa Duba wamechukuliwa na mto. Mimi mzima wa mwili.

Nilikwenda kwa Khalid. Uliposema nisiende ndiyo nikakaa kiti cha mbele.

Nitakuambia nilichoona, kwa sababu wewe ulikiandika lakini hukukaa pale. Bibi Talaso anakumbuka zamani. Mvua. Nyumba ya mikeka kama zetu. Ndani binti yake amelala, uchungu umemshika, anapiga kelele, "Nipelekeni hospitali! Mama, nipelekeni!" Na Talaso amekaa mlangoni. Amejaa mlango mzima. Hainuki. Watu wanakuja, anatikisa kichwa, wanarudi. Mpaka kunapambazuka na binti amenyamaza. Halafu tukarudishwa hospitali, na Zuena, yuleyule niliyempenda, akamwambia mbele ya wodi nzima, "Wewe si mkunga. Wewe ni mlango uliofungwa."

Kwa Khalid hakuna aliyepiga kelele. Ikran, mke wa Bulle jirani yangu, alikuwa amekaa ubavuni mwangu na tumbo lake la kwanza. Nimelishika tumbo hilo tangu lilipokuwa dogo kama embe. Alichukua kiti chake akakisogeza. Kilikwaruza sakafu, basi.

Asubuhi Bulle akaja. Akasimama mbali, kama mtu anayeogopa mbwa, na mimi sina mbwa.

"Akko Qabale, tunakuheshimu."

"Ukianza hivyo najua huniheshimu. Sema."

"Ikran usimguse tena. Wala usije kulala kwangu siku zake zikikaribia."

"Nimefanya nini, Bulle?"

"Mimi sijui. Mjukuu wako ndiye anayejua."

Akageuka akaenda zake.

Unasema mhusika hukua kama mtu. Zuena alikua, niliona. Huyu Talaso hukumkuza, ulimmwagia maji machafu tukiwa tunamtazama. Mwanamke aliyembeba mgonjwa mgongoni katika matope, mlionyesha wenyewe, leo anakaa tu mwanawe akifa? Kwa nini? Hata hamkusema kwa nini. Mbodze anasema labda mtasema mbele. Mbodze analia sasa hivi, karatasi italowa, nimemwambia afute uso aandike.

Nakuuliza neno moja na unijibu hilo tu. Usinijibu la tivi, usinijibu la mkubwa wa kazi. Je, unaamini mimi ndiye niliyemwacha mama yako afe?

Qabale

Nairobi, 1 Juni 2025

Akko,

Salaam nyingi kwako na kwa wote. Samahani kwa kuchelewa. Barua yako ilikwama, walisema barabara imekatwa na maji na mabasi hayapiti. Halafu ilipofika kazi zilinizidi. Halafu Baba alilazwa siku kadhaa, sasa amerudi. Nakuandikia sababu zote hizi na ninajua utasema ni nyingi mno.

Bibi Talaso si wewe, Akko. Mhusika huanza kwa mtu halafu hujitenga naye. Mwigizaji anamwongezea, mwongozaji anamwongezea, mkubwa wa kazi anakata hapa anashona pale. Mimi siko peke yangu chumbani. Tuko watano, na wanne hawajawahi kufika Garsen. Walitaka siri. Walisema, bibi huyu anawapenda mno mama wajawazito, lazima kuna mmoja aliyempoteza. Nikasema ndiyo, yuko mmoja. Lilitoka tu.

Nimesoma tena nilichoandika na naona bado sijakujibu.

Nilikuwa na miaka saba. Yale mafuriko ya Elnino, kijiji kimekuwa kisiwa, nami nimepelekwa nyumba ya mkabala kwa jirani ili nisione. Lakini niliona. Nilitoboa mkeka kwa kidole. Nilimsikia Mama akisema apelekwe. Nilisikia vizuri, Akko, na bado nasikia. Na nilichoona ni mgongo wako. Mgongo wako umejaa mlango. Mjomba Duba alikuja akainama akakwambia kitu, ukatikisa kichwa. Akaondoka, akarudi, ukatikisa tena. Hukuinuka. Usiku mzima hukuinuka. Asubuhi wakanifunga leso nyeupe ya msiba.

Hakuna mtu aliyewahi kunieleza. Baba alinichukua baada ya arobaini akanipeleka kwa shangazi zake huku Nairobi, na nilipomuuliza alisema, "Ni kadari." Kila nilipokuja likizo ulinipa maziwa, ulinichana nywele, ulinionyesha ng'ombe wangu. Hukusema lolote. Na mimi niliogopa kuuliza kwa sababu nilikupenda.

Umesema nikujibu neno moja. Neno ni hili: niliona mgongo wako.

Ubah

Garsen, 29 Juni 2025

Ubah binti Darmi,

Amani. Duba mzima. Ndama wako ameanza kula nyasi.

Mtoto wa Ikran amekufa. Nakuambia kwanza kwa sababu nikiliacha mwisho Mbodze atachoka na kulisahau.

Tangu mama yako alipoondoka hakuna mjamzito wa upande huu niliyemwacha azalie nyumbani. Siku zikikaribia nahamia kwake na mkeka wangu. Nalala mguuni pake. Akiguna tu, mimi ndiye ninayewapigia kelele wanaume watafute gari, pikipiki, mkokoteni, chochote. Wananiita king'ora. Kwa Ikran sikuwepo. Mumewe alikuwa ng'ambo ya mto na mifugo, na msichana mwenyewe, mimba ya kwanza, hajui kutofautisha uchungu na gesi. Aliona haya kumwamsha mama mkwe. Walipompakia kwenye pikipiki jua lilikuwa limepanda. Alizaa njiani, kando ya barabara, na mtoto hakulia. Ikran mzima, wamemtibu. Mimi nilisikia kwa muuza maziwa.

Sisemi wewe umemuua. Mungu ndiye mwenye pumzi. Nasema palikuwa na mahali pangu pale, na mkeka wangu, na hapakuwa na mtu.

Sasa mgongo wangu.

Kwetu mama wa mwenye uchungu mgumu hukaa mlangoni. Mgongo kwa dunia, uso ndani. Mwanawe akifungua macho amwone mama yake, na nyuma ya mama asione kitu, asione mvua wala watu wanaonong'ona. Hainuki kula, hainuki kwenda haja. Huinuka mtoto akilia, au wakija wa kumbeba mzazi. Hata mtoto anayechunga mbuzi huku analijua hilo. Ungelijua na wewe kama ungekulia hapa. Nilikuacha uende kwa sababu ulihitaji shule na baba, na nilidhani mambo mengine utayajua tu, kama unavyojua kunywa maziwa. Hapo nilikosea hesabu.

Wewe uliona mgongo. Uso wangu aliuona Darmi. Alikuwa akisema nipelekeni, nami nikamwambia, "Wakija tutakwenda, mama, mimi na wewe," na nikamwambia hivyo mpaka hakunisikia tena.

Utauliza kwa nini hawakuja. Utauliza Duba alikuwa akiniambia nini. Hilo sisemi. Nilimwahidi mama yako, mkono wake ukiwa mkononi mwangu na bado una joto. Ukikasirika kasirika. Ukinitia tena kwenye tivi nitie. Mimi Talaso wenu sikumfundisha kutunza ahadi, hiyo ni yangu mwenyewe.

Kwa Khalid siendi tena. Anatuma chai nyumbani, ya maziwa, bila mtu kumwomba. Mwana wa watu ana moyo.

Baba yako mwambie ale.

Qabale

Nairobi, 17 Agosti 2025

Akko,

Sijui nianze na salamu gani. Assalaam aleikum, Akko wangu. Mpe Ikran pole. Najua pole yangu ni ya nini kwake, lakini mpe.

Barua yako niliisoma mara nyingi kisha nikaiweka. Ulisema kila mara, mwambie baba yako ale. Tangu Februari unasema. Wiki iliyopita walirudia kipindi kile mchana. Sikuwa nyumbani, na Baba alikuwa sebuleni. Niliporudi tivi ilikuwa imezimwa, naye amekaa anatazama kioo cheusi.

"Umemwandika Qabale," akasema.

"Ni mhusika tu, Baba."

"Huyo mzee hakumzuia mtu." Akaiweka rimoti chini. "Mtumbwi ulikuwa kwangu."

Akanieleza bila kunitazama. Mtumbwi ulikuwa mmoja tu upande ule, wa Komora wa Kulesa. Maji yalikuwa yanaingia dukani kwa Baba mjini, akauchukua yeye. Duba alimfuata ukingoni akamwambia uchungu umemshika Darmi na si uchungu mwema. Baba akasema, safari moja tu, nitoe sukari. Akatoa sukari, akaona unga nao unalowa, akarudia unga. Duba alikuwa akienda ukingoni kutazama kama mtumbwi umerudi, kisha anakuja kukwambia bado. Ndiyo maana ulitikisa kichwa. Hukuwa unamfukuza mtu.

Nikamuuliza, "Mbona hukuniambia miaka yote?"

Akasema, "Qabale hakusema. Nikaona mambo yamekwisha."

Akko, alisema hivyo, kama mtu anayezungumzia mvua ya mwaka jana. Nilitoka nikakaa ngazini. Kisha nikarudi nikampa dawa zake, kwa sababu saa ilikuwa imefika.

Nilikwenda kwa mkubwa wangu wa kazi. Nikamwambia Bibi Talaso tumemwonea, tumbadilishe, kuna sababu ya yeye kukaa pale mlangoni. Alisikiliza vizuri. Akasema ni nzuri sana, inasisimua, lakini msimu wote tumeshaurekodi. Bibi Talaso anakufa kipindi cha mwisho, Septemba. "Safari yake imekamilika," ndivyo alivyosema. Sikuacha kazi. Nataka ulijue hilo kutoka kwangu. Bima ya kazi ndiyo inayomsafisha Baba damu.

Lakini msimu ujao nimeomba nipewe vipindi viwili. Nitaleta mwenye duka. Nitaonyesha mtumbwi, sukari, unga, vyote. Nchi nzima itajua. Watu wa Garsen watakuomba radhi mmoja mmoja. Niruhusu tu.

Na unisamehe, kama lipo la kusamehewa kwenye karatasi.

Ubah

Garsen, 5 Oktoba 2025

Intala yangu, binti wa binti yangu,

Waaleikum salaam. Umechelewa kupata jibu kwa sababu nilikuwa kitandani. Kifua. Mbodze alikuja kwangu na kalamu yake, amekaa juu ya debe, na Duba amesimama nje anajifanya hasikilizi. Mvua za vuli bado. Ndama wako amekuwa mtamba kwa kiburi, anawasukuma wakubwa kwenye maji.

Kwanza: hapana. Mwenye duka usimlete. Nilimwona Bulle aliposimama mbali nami asubuhi ile, na simtakii baba yako macho yale, hata kama ni yake kwa haki. Mgonjwa ana haki ya kwenda kusafishwa damu bila watu kusogeza viti. Darmi aliniambia, "Mama, usimwambie mtoto, atabaki na nani?" Hakusema nimfiche kwa sababu ya mume. Alisema kwa sababu yako. Hakutaka ubaki na mtu unayemchukia. Sasa umeambiwa na mdomo wa baba yako mwenyewe, ahadi yangu imekwisha bila mimi kuivunja, na mzigo ni wako. Mpe dawa. Mpikie. Mchukie ukitaka, lakini umpikie.

Mimi simchukii? Nilimchukia mpaka nikachoka, kama mtu anayebeba maji kwenda kwenye shamba lisilo lake. Bado siku nyingine nachukua ndoo.

La pili. Alhamisi ya mwisho nilikwenda kwa Khalid. Duba alinibeba kwenye pikipiki, nikamwambia endesha polepole, hii ni maiti inayokwenda kutazama maiti. Hakucheka. Siku hizi watu hawacheki. Hoteli ilijaa. Nikakaa, na kiti cha pembeni yangu kikabaki kitupu mpaka Ikran akaingia, amekonda, akakaa. Kisha taa zilipozimwa akasema, "Akko, ungekuwa kwangu siku ile."

Nikasema, "Ningekuwa."

Basi. Akashika ncha ya leso yangu akaikunja kidoleni, akaishika hivyo mpaka mwisho.

Nikamtazama Talaso akifa. Mwigizaji wenu amejifunza kushika kibuyu, hilo nimeliona, na leso aliifunga sawa. Kwa hiyo ulinisikiliza kwenye leso. Alikufa kitanda cha mwisho, karibu na dirisha, Zuena yuko kwenye chumba kingine anapasua mtu. Mashine ikalia. Wauguzi wakaja wakafunika uso. Mbodze alipiga kelele, na wengine walilia, hata waliokuwa wamenifungia milango. Ni rahisi kumlilia aliye ndani ya tivi.

Mimi sikulia. Mimi nilikuwa natazama mlango wa wodi. Ulikuwa wazi, mweupe, hakuna mtu. Ubah, mmemuua mzee wa watu peke yake, amefungua macho na mlangoni hapana mtu. Habari ya kukaa mlangoni ulikuwa umeijua wakati huo au hukuijua, sikuulizi. Najua hukujua. Lakini uliona ni sawa mwanamke afe hivyo, na hilo ndilo lililonikaa kifuani, si baridi kama anavyosema daktari.

Unaomba msamaha kwa karatasi. Karatasi ilinitosha nilipotaka kukugombeza. Kusamehe kwangu kunahitaji nikushike sikio.

Watu hawajaja kuniomba radhi na sitaki waje. Wawili tu wamerudi kuniita, na mmoja wao ni Mbodze mwenyewe, kwa ajili ya binti yake, na amenikataza nisiseme kwamba amelia tena. Kesho nahamia huko na mkeka. Kwa hiyo hata kikohozi changu kinakwenda kazini.

Sasa sikiliza, nasema mara moja. Huyo Talaso wenu safari yake imekamilika, mnasema. Yangu haijakamilika lakini inakaribia, nasikia kwenye mbavu. Sina binti wa kukaa mlangoni pangu. Duba ni mwanamume, atasimama nje na goti lake. Kwa hiyo utakuwa wewe. Kazi itakukataza, baba yako atakuwa na siku zake za damu, barabara itakuwa imekatwa, sababu zitakuwa nyingi, nimekwisha kuzisoma zote kwenye barua zako. Duba akikupigia simu, njoo.

Usiulize watu ukifika, wala usisimame uani kulia na wenzako. Vua viatu, pita, ukae chini mlangoni, ujaze mlango. Mgongo kwa dunia. Na uso, Ubah, uso uuelekeze ndani, kwangu, nikifungua macho nikuone.

Akko yako,
Qabale